Mwenye Jambo Asemewe Hata Lini?

Mwamba ngoma huvutia kwake. Wahenga walipoisema methali hii walikuwa hawajaiona kamera, lakini hapana chombo kinachoitii methali hii kama kamera. Mtu anayetazama filamu hudhani ameonyeshwa mambo yalivyo, kumbe ameonyeshwa mambo kama yalivyovutwa na yule aliyeiwamba ngoma. Jambo hili lina uzito zaidi katika filamu za hali halisi, yaani zile ambazo hazina hadithi ya kubuni wala waigizaji, na ambazo hupiga picha za watu wa kweli katika kazi zao, shida zao na furaha zao. Filamu ya kubuni hutuomba tuikubali kwa muda kama tunavyoukubali mchezo wa jukwaani. Filamu ya hali halisi hututaka tuisadiki.

Makala haya yanahusu filamu za namna hiyo katika nchi ya nyanda za kati: Dodoma, Kongwa, Mpwapwa, Kondoa, Manyoni na Singida. Dai letu ni moja. Mkazi wa nyanda hizi amepigwa picha kwa muda mrefu, lakini amepewa nafasi ndogo mno ya kusema ndani ya picha hizo. Juu ya kichwa chake imewekwa sauti ya mtu mwingine asiyeonekana, ajuaye kila kitu na asiyeulizwa lolote. Tunasema kwamba filamu ya namna hiyo, hata ikitengenezwa na Mtanzania, kwa fedha ya Tanzania na kwa Kiswahili fasaha, bado haijawa filamu ya taifa huru. Na tunasema kwamba njia nyingine ipo. Imekwisha kuonyeshwa na Mtanzania mwenzetu, mwongozaji Flora M'mbugu-Schelling, na kazi yake yastahili kujulikana shuleni kama zinavyojulikana kazi za washairi na waandishi wetu wa riwaya.

Yafaa tuanze na asili ya sauti hiyo isiyoonekana. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, palikuwa na mradi wa filamu ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment. Fedha zake kwa sehemu kubwa zilitoka katika shirika la Carnegie la Marekani, na walioiendesha kazi walikuwa L. A. Notcutt na G. C. Latham. Zilitengenezwa filamu zipatazo 35, juu ya kilimo, afya, akiba ya posta na mwenendo uliohesabiwa kuwa mwema. Kisha zilipakiwa katika lori pamoja na mashine ya kuonyeshea, zikazungushwa katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Picha hizo zilipigwa bila sauti. Maneno yalitiwa baadaye katika sahani za santuri, kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwa mojawapo. Tuizingatie kazi hiyo ya ufundi, kwa maana ndani yake mna siasa nzima. Mkulima anaonekana katika pazia akitikisa midomo, lakini sauti inatoka katika santuri. Lile alilolisema siku ile alipopigwa picha limepotea moja kwa moja. Ukibadilisha sahani, mkulima yule yule atakuwa amesema jambo jingine, na hana njia ya kukanusha. Hivyo ndivyo filamu ya mafunzo ilivyozaliwa katika nchi yetu: mwili wa mwananchi, na ulimi wa mtu mwingine.

Huenda msomaji akasema kwamba huo ulikuwa upungufu wa mitambo tu, wala hapakuwa na nia mbaya. Basi na tuitazame Kongwa, ambako mitambo haikupungua. Mwaka 1946 serikali ya Uingereza, ikiwa na njaa ya mafuta ya kupikia baada ya Vita Kuu ya Pili, ilituma wataalamu wakiongozwa na John Wakefield kuchunguza uwezekano wa kulima karanga katika Afrika Mashariki. Walikaa wiki 9. Sehemu kubwa ya ardhi waliikagua kwa kuitazama kutoka katika ndege. Wakapendekeza kufyeka ekari zaidi ya milioni 3, nyingi zikiwa Tanganyika, na mwaka 1947 kazi ikaanza Kongwa. Watazamaji wa sinema katika Uingereza waliletewa picha za matrekta yakiangusha vichaka vya Ugogo, na maelezo ya fahari juu ya ushindi wa mashine dhidi ya pori.

Pori lile lilikuwa na wenyewe. Wagogo walijua kwamba mvua ya Kongwa si ya kuaminiwa, na kwamba udongo wake wakati wa kiangazi hukauka ukawa mgumu kama sakafu, hata jembe lisipenye wala karanga zisichimbike. Elimu hiyo haikuhitaji ndege. Ilihitaji mtu wa kuuliza, na mtu wa kusikiliza. Januari 1951 serikali ya Uingereza ilitangaza kuuacha mpango huo, baada ya kupoteza kiasi cha pauni milioni 36. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Wataalamu wale walikitazama kitanda kutoka mawinguni, na picha za sinema zikakisifia kutoka huko huko.

Tumeitaja Kongwa kwa sababu inathibitisha kwamba kumnyima mtu sauti si kosa la adabu peke yake. Ni kosa la maarifa. Asiyemsikiliza mwenyeji hukosa ukweli, na akikosa ukweli hupoteza mali, wakati na hata maisha ya watu.

Juu ya maisha ya watu, nyanda za kati zina ushahidi mzito zaidi. Kati ya mwaka 1917 na 1920 Ugogo ulipatwa na njaa ambayo Wagogo wenyewe waliipa jina: Mtunya, neno lenye maana ya kinyang'anyiro. Inakadiriwa kwamba watu wapatao 30,000 walikufa, katika nchi iliyokuwa na watu wapatao 150,000. Mtu akiulizwa leo sababu ya njaa katika Dodoma, atajibu upesi: ukame. Hivyo ndivyo tulivyozoeshwa na picha. Ardhi iliyopasuka, ng'ombe aliyekonda, mtoto mwenye macho makubwa, kisha sauti inasema ukame. Lakini Mtunya haukuletwa na mawingu peke yake. Majeshi ya Wajerumani, na baada yao majeshi ya Waingereza, yalipita Ugogo katika vita vya mwaka 1914 hadi 1918. Yalichukua ng'ombe, yalichukua nafaka, yalichukua wanaume kuwa wapagazi. Mvua ilipokataa, watu walikuwa wamekwisha kunyang'anywa akiba yote ambayo kwayo wazee wao walivuka miaka mingine ya ukame.

Sasa tujiulize: kamera ingeliona nini katika Ugogo mwaka 1919? Ingeliona ardhi kavu. Amri ya kuchukua ng'ombe haionekani katika ardhi kavu, wala mpagazi aliyefia njiani haonekani katika shamba lake lisilolimwa. Picha peke yake ingelisema uongo bila kuongeza hata neno moja. Ili ukweli upatikane ilipasa aulizwe aliyenyang'anywa, naye angelijibu kwa neno moja, Mtunya, na ndani ya neno hilo pangelikuwa na mashitaka kamili. Jina walilolitoa wenyewe lina historia zaidi kuliko maelezo ya wageni yaliyowapatanisha na mawingu.

Hatukusudii kumlaumu mkoloni peke yake, kwani kumlaumu mkoloni ni kazi rahisi na imekwisha kufanywa vizuri. Swali gumu ni hili: taifa huru lilipoishika kamera, je, liliitupa ile santuri ya Vugiri?

Tanzania Film Company iliundwa mwaka 1968. Nia yake ilikuwa njema na yenye heshima: kuwaokoa wananchi na sinema za kigeni, na kuwapa picha za maisha yao wenyewe. Katika miaka ya 1970 ilitoka filamu iliyojulikana sana, Fimbo ya Mnyonge, juu ya mtu wa shamba anayekwenda kutafuta maisha Dar es Salaam, akayakosa, na mwishowe akayapata katika kijiji cha ujamaa. Hatuna ugomvi na fundisho la filamu hiyo. Tunachosema ni kwamba mtazamaji alijua mwisho wake kabla taa hazijazimwa. Mnyonge alikuwa amepewa fimbo, lakini maneno yalikuwa yameandikwa kwa ajili yake.

Katika nyanda za kati maneno hayo yalikuwa na matokeo. Mwaka 1971 ilianza Operesheni Dodoma, iliyokusudiwa kuwakusanya watu waliokaa mbalimbali katika tembe zao, ili waishi pamoja vijijini. Mwalimu Nyerere mwenyewe alikwenda Chamwino, akafyatua matofali pamoja na wananchi. Novemba 1973 ilitangazwa kwamba kuishi vijijini kutakuwa lazima kwa watu wote wa vijijini nchini. Wako waliohama kwa hiari, kwa sababu waliyataka maji ya bomba, shule na zahanati, na baadhi yao waliyapata. Wako pia waliohamishwa kwa nguvu, wakaacha mashamba waliyoyatia samadi kwa miaka mingi na tembe walizozijenga kwa mikono yao. Mambo haya mawili ni kweli kwa pamoja. Msimulizi mmoja hawezi kuyabeba, kwa sababu msimulizi mmoja ana mdomo mmoja na kwa kawaida ana tajiri mmoja. Yangebebwa na watu wawili tu waliokaa katika kijiji kimoja, kila mmoja akisema lake, na mtazamaji akaachiwa kazi ya kupima.

Tutoe mfano mwingine, uliotokea Kondoa. Milima ya Irangi ilikuwa imeliwa na mmomonyoko wa udongo hata ikawa makorongo matupu. Mwaka 1973 ulianzishwa mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, ujulikanao kwa kifupi kama HADO. Mwaka 1979 serikali iliamuru mifugo yote iondolewe katika eneo lililoharibika sana, na makumi ya maelfu ya ng'ombe, mbuzi na kondoo wakatolewa. Majani yakarudi, miti ikaota, makorongo yakaanza kupona. Hayo ni mafanikio ya kweli, na wataalamu wa nchi nyingi walikuja kuyatazama. Hapana habari iliyo nyepesi kupigwa picha kama hiyo: mlima mtupu kabla, mlima wa kijani baada. Lakini kati ya picha ya kwanza na ya pili kuna mtu aliyeondoka na ng'ombe wake kwenda kutafuta malisho kwingine, na kuna mama aliyebaki bila maziwa na bila samadi. Picha mbili na sauti moja haziwezi kumwonyesha mtu huyo, maana hayumo katika picha ya kwanza wala ya pili. Yumo katikati, na katikati hapana kamera.

Ajabu ni kwamba utamaduni wa nchi hii ya kati una dawa ya ugonjwa huu, na dawa hiyo inajulikana na kila mwalimu. Marehemu Mathias Mnyampala alikuwa mtoto wa Ugogo. Mwaka 1954 kilichapishwa kitabu chake juu ya historia, mila na desturi za Wagogo wa Tanganyika, wakati ambapo wengi waliamini kwamba habari za makabila ya Kiafrika zapaswa kuandikwa na maofisa wa wilaya na wamisionari. Baadaye alitupa ngonjera. Sote twajua ngonjera ilivyo: mmoja husema, mwenzake hujibu, ubeti kwa ubeti, mpaka hoja imalizike. Ni kweli kwamba ngonjera nyingi za miaka ya Azimio la Arusha zilipangiwa mwisho wake tangu mwanzo, na mjinga alikuwa hana budi kukubali katika ubeti wa mwisho. Hata hivyo mpinzani alipewa beti zake. Alisimama, alisikika, na mara nyingine beti zake zilikuwa tamu kuliko za mwalimu wake. Filamu nyingi za hali halisi zilizopigwa katika nchi yetu hazijafika hata hapo. Zimebaki kuwa hotuba yenye picha, nasi twataka ziwe ngonjera.

Sasa tumtaje yule aliyeonyesha njia. Flora M'mbugu-Schelling ni mwongozaji wa Kitanzania aliyeichagua filamu ya hali halisi kuwa kazi yake, na kutoka mwanzo aliwaelekea watu ambao sauti zao hazisikiki upesi. Mwaka 1987 alitoa filamu iitwayo Kumekucha, iliyowahusu wanawake wa Tanzania. Mwaka 1992 alitoa filamu ambayo kwa maoni yetu ni miongoni mwa kazi kubwa za sanaa zilizopata kufanywa nchini, These Hands, maana yake "Mikono Hii". Ina urefu wa dakika 45. Mahali pake ni machimbo ya mawe ya Kunduchi, kaskazini mwa Dar es Salaam. Watu wake ni wanawake wanaoponda mawe kwa nyundo ili kupata kokoto, wengi wao wakiwa wakimbizi wa vita vya Msumbiji, na watoto wao wakiwa kando yao.

Katika filamu hiyo hamna msimulizi. Hapana sauti inayotuambia kwamba wanawake hawa ni maskini, kana kwamba hatuna macho. Tunasikia nyundo ikigonga jiwe, tena na tena, mpaka tunaanza kuihesabu saa ya kazi kama anavyoihesabu mwenye kuifanya. Tunawasikia wakizungumza, tunawasikia wakiimba. Tunaona kwamba mtu anayeponda mawe kutwa nzima ana mzaha wake, ana uchovu wake, ana ustadi wake wa kujua jiwe litapasukia wapi. Mwishoni tu ndipo yanapokuja maneno machache ya maandishi ya kutueleza habari zao. Kwanza tumeishi nao, ndipo tumeelezwa. Utaratibu huo umegeuza kabisa desturi ya Vugiri, ambayo humweleza mtazamaji kwanza, kisha ikampa picha za kuthibitisha maelezo.

Wengine wamesema kwamba filamu hiyo haina siasa, kwa kuwa haikutaja chama, serikali wala sera. Sisi tunaona kinyume chake. Mwaka ule ule wa 1992, mwezi Oktoba, mkataba wa amani ya Msumbiji ulitiwa sahihi huko Roma, na waliosikika walikuwa wakubwa. Vita vile vilivyopiganwa kwa miaka kumi na sita viliwatupa wanawake hawa katika machimbo ya Kunduchi, na M'mbugu-Schelling alikwenda kuwaweka pale ambapo hawangeweza kurukwa. Kokoto ile inayotoka mikononi mwao ndiyo iliyomo katika zege la majumba ya mji. Mtu aliyeitazama filamu hii hawezi tena kupita karibu na nyumba inayojengwa asijiulize kokoto imetoka wapi. Ikiwa hiyo si siasa, basi hatujui siasa ni nini.

Na hapa Dodoma swali hilo ni letu moja kwa moja. Uamuzi wa kuhamishia makao makuu ya nchi Dodoma ulifanywa mwaka 1973. Kuanzia mwaka 2016 serikali ilihamia kwa kweli, na Aprili 2018 Dodoma ikapewa hadhi ya jiji. Barabara, ofisi na nyumba zimejengwa kwa wingi, na vilima vya mawe vya nchi hii havikosi watu wanaoponda kokoto kwa mkono. Filamu nyingi zinazosifia jiji hupigwa kutoka angani, kwa vile vyombo vidogo virukavyo ambavyo siku hizi kila mpiga picha anavitamani. Tunayaona mapaa, tunaziona njia kuu, na msimulizi anatutajia urefu wa barabara. Wakefield naye alitazama kutoka juu. Jicho la angani huona mpango mzima, ila halimwoni mtu hata mmoja akiwa na uso. Hatuchukii barabara wala majengo. Tunasema kwamba historia ya kujengwa kwa makao makuu itakuwa pungufu ikikosa maneno ya aliyeponda kokoto, ya fundi aliyepandisha tofali, na ya Mgogo ambaye shamba la babu yake sasa ni kiwanja chenye namba.

Tunajua yatakayosemwa dhidi yetu. La kwanza ni kwamba mwananchi wa kawaida hawezi kujieleza, ndiyo maana anahitaji msimulizi. Jibu letu ni fupi. Nchi iliyomzaa Hukwe Zawose, ambaye kwa marimba, zeze na sauti yake aliwanyamazisha wasikilizaji wa Ulaya na Asia wasiojua neno moja la Kigogo, haiwezi kuambiwa kwamba watu wake hawajui kujieleza. Kinachopungua ni subira ya anayerekodi. Mzee wa Kigogo haanzi na jibu. Huanza na salamu, akaja kwenye ukoo, akaja kwenye mvua ya mwaka fulani, ndipo akafika kwenye jambo lenyewe. Mwongozaji mwenye haraka hukata salamu, ukoo na mvua, kisha akalalamika kwamba mzee hakusema kitu.

La pili ni kwamba filamu zinazoonyesha shida zinalichafua taifa. Hoja hii ilisikika sana mwaka 2006, juu ya filamu ya Darwin's Nightmare ya mwaka 2004, iliyoongozwa na Hubert Sauper kutoka Austria, kuhusu biashara ya sangara huko Mwanza. Filamu hiyo ilipendekezwa kwa tuzo ya Oscar, na Rais Jakaya Kikwete akailaumu hadharani katika hotuba yake ya mwisho wa Julai 2006. Hasira haikukosa sababu, maana filamu ilijenga shaka kubwa juu ya ndege za mizigo na silaha, na watu wa Mwanza walikuwa na haki ya kuihoji. Lakini jibu la wimbo ni wimbo, na jibu la filamu ni filamu. Kama pangekuwapo filamu kumi za Watanzania juu ya Ziwa Viktoria, ambamo wavuvi, wachuuzi na wafanyakazi wa viwanda wanasema wenyewe, mgeni mmoja asingepata nguvu ya kuwa ndiye msemaji wa ziwa zima. Anayekataa kusema habari zake asishangae zikisemwa na jirani. Tena hebu tuilinganishe filamu hiyo na These Hands. Shida ya Kunduchi si ndogo kuliko ya Mwanza, na M'mbugu-Schelling hakuificha. Lakini hapana anayetoka katika filamu yake akiwadharau wanawake wale. Heshima ya taifa hailindwi kwa kuficha mikono yenye sugu.

La tatu ni hoja ya haki zaidi: kwamba filamu isiyo na maelezo yaweza kumwacha mtazamaji gizani. Hilo ni kweli, na mfano wetu wa Mtunya umeonyesha kwamba picha tupu zaweza kudanganya. Ndiyo maana hatusemi kwamba msimulizi apigwe marufuku. Tunasema ashuke chini, aonekane, ajitaje jina, aseme amejuaje, na aje baada ya wenye jambo kusema. Msimulizi wa namna hiyo ni shahidi miongoni mwa mashahidi, wala si hakimu.

Tufanye nini basi? Kwanza, twawataka wenye mamlaka ya elimu na utamaduni wazifikishe filamu za M'mbugu-Schelling katika shule za sekondari na vyuo vya ualimu. Mwanafunzi wa Kitanzania asimalize masomo akiwa amesikia majina ya waongozaji wa Hollywood, na hajasikia jina la mwongozaji wa nchi yake. Pamoja naye waonyeshwe waliokuja baadaye, kama Cece Mlay, ambaye mwaka 2024, akishirikiana na Agnes Lisa Wegner wa Ujerumani, alitoa The Empty Grave, filamu inayowasikiliza wajukuu wa Watanzania ambao mabaki yao yalipelekwa Ujerumani wakati wa ukoloni.

Pili, mwalimu awafundishe wanafunzi kuihoji filamu kama anavyowafundisha kuhoji shairi. Maswali matatu yatosha kwa kuanzia. Nani anasema katika filamu hii, na kwa dakika ngapi? Nani anaonekana lakini hasemi? Ni jambo gani lililotokea kabla kamera haijafika? Mwanafunzi mwenye maswali hayo hawezi kudanganywa kwa urahisi, iwe filamu imetoka London, Dar es Salaam au katika simu ya mwenzake.

Tatu, watu wa nyanda za kati warekodiwe sasa, wakisema Kigogo, Kirangi, Kinyaturu, Kinyiramba na Kisandawe, na maandishi ya Kiswahili yawekwe chini ya picha. Kiswahili hakitapungukiwa na chochote. Kitakuwa kimefanya kazi yake ya kuwasikilizisha Watanzania wenyewe kwa wenyewe. Wako wazee wa Kongwa wanaokumbuka miaka ya 1960, wakati ardhi ile ile iliyowashinda wakulima wa karanga ilipowapokea wapigania uhuru wa FRELIMO, ANC, SWAPO na vyama vingine. Wako wazee wa Kondoa wanaokumbuka mwaka 1979, waliobaki na waliohama. Hawatakuwapo milele. Kila mmoja wao anayezikwa bila kuulizwa anamwachia nafasi yake yule msimulizi asiyeonekana.

Kamera siku hizi si mali ya serikali wala ya tajiri. Imo mfukoni mwa kijana wa kidato cha pili. Mitambo haituzuii tena, kwa hiyo hatuna kisingizio cha Vugiri. Lililobaki ni adabu ya kazi: kufika kwa miguu, kukaa, kusalimu, kuuliza, na kunyamaza mpaka mwenye jambo amalize kusema. M'mbugu-Schelling alifanya hivyo Kunduchi. Sasa na lifanyike Dodoma.